Katiba Iliyoandikwa Masika

Tluway mwanangu,

Salamu sikuandikii. Umeshinda humu ndani tangu asubuhi ukipanga vitabu kwenye maboksi, umekula makande yangu, umelalamika kwamba hayana chumvi. Kwa hiyo najua u mzima, na wewe unajua mimi ni mzima. Barua hii anaiandika Neema, mtoto wa dada yako. Nimemwambia aandike ninavyosema, asinipambe. Akinipamba nitajua, kwa sababu atanisomea, na mimi sauti yangu naijua hata ikitoka kwenye mdomo wa mtu mwingine.

Utashangaa kwa nini nakuandikia wakati chumba chako na changu vinatenganishwa na ukuta wa matofali tu. Ni kwa sababu nikianza kukuambia kwa mdomo, unaanza kunijibu. Umefundisha watu kujibu hoja maisha yako yote, mimi sikuwezi. Kwenye karatasi utanyamaza mpaka nimalize.

Mambo ya sweta, vidonge vya presha na kula kwa wakati sitayasema. Umeshastaafu, ndevu zimekuwa nyeupe kuliko nywele zangu. Kama hujui kujitunza mpaka leo, basi tena.

Nataka kusema habari ya Lemayani.

Kesho unakwenda Arusha kuongoza kamati itakayoandika sheria za maji ya bonde lote, kuanzia mashamba ya huku juu Karatu mpaka Baray na ziwani Eyasi. Walipokupigia simu ulisimama katikati ya sebule na kijiko mkononi, ukacheka peke yako. Nilifurahi, nakwambia kweli. Halafu nikatazama nje. Mvua, tope mpaka kizingitini, kuku wamejikunyata chini ya mkokoteni. Furaha ikaniishia hapo hapo. Nikasema moyoni, masika tena, na mwanangu anakwenda kuandika tena.

Wewe unajua ninachosema. Neema hajui, na amenikodolea macho, kwa hiyo nitaeleza tangu mwanzo.

Ulipokuwa mtoto, meno ya mbele yameng'oka, mahindi yetu ya Baray, tulikokuwa tunaishi enzi hizo, yalikauka yakiwa hayajafika magotini. Baba yako alikuwa na rafiki Mmasai wa Olbalbal, baba yake Lemayani. Walikuwa wamewekeana ng'ombe. Neema, kuwekeana ni hivi: ng'ombe wako huwaweki wote kwenye zizi moja. Wengine unampa rafiki wa mbali akae nao, akamue, anyweshe watoto wake, na wa kwake wengine wanakaa kwako. Ugonjwa ukija huku, kule wamebaki. Haiandikwi popote. Sasa mwaka ule kule kwao mvua kidogo ilikuwa imenyesha, na baba yako akasema, kama ng'ombe wetu wanaweza kukaa kwa yule mzee, na mtoto anaweza.

Tukakupeleka. Ulirudi unanuka samli na moshi, unaongea Kimaa, unaamuru uletewe maziwa mgando kama mzee wa boma. Ulikuwa umelala ngozi moja na Lemayani, mmekunywa kibuyu kimoja. Ukalia siku nyingi unataka kurudi kwao. Mimi niliona wivu, nikakufinya. Ulikuwa na haki ya kulia. Mama yule alikuwa amekulea vizuri.

Nao kiangazi kikikaza walishuka kwetu na mifugo. Mfereji wetu unatoka kwenye chemchemi, unapita mashamba ya vitunguu, unaishia chini kwenye migunga. Asubuhi maji ni ya wakulima. Jua likipinda yanaachwa yateremke mpaka mwisho, ng'ombe wa wafugaji wanywe. Nani alianzisha hivyo simjui. Niliolewa nikakuta hivyo.

Wewe ukasoma. Ukapanda basi kwenda chuo kikuu na sanduku la mbao la baba yako, ukarudi mwalimu wa wanasheria. Unakumbuka siku uliyojaribu kunieleza unafundisha nini? Nilikuwa nachambua maharage. Ukasema, "Aayo, katiba ni sheria inayozitawala sheria nyingine zote. Sheria ikipingana nayo, inakufa." Nikakwambia, "Kumbe ni mama mkwe." Ulicheka ukaegemea mlango. Baadaye ukaniambia umewaambia wanafunzi wako, na hawakucheka wote, waliocheka ni walioolewa tu.

Pasaka moja ulikuja likizo, masika yamechanganya. Mzee Bura, mwenyekiti wa mfereji, akaja nyumbani na koti lake la mvua. Akasema, "Kijana, wenzetu wa mfereji wa juu wana katiba. Sisi tuna ugomvi tu." Ukaifanya kazi ile kwa moyo wote. Ukawakusanya wanachama kanisani, ukamuuliza kila mtu, mpaka wajane, mpaka walevi. Na mimi ukanisimamisha: "Mama, una maoni gani?" Mbele ya watu unaniita mama badala ya Aayo, kama vile hunijui! Nikasema zamu za wanawake zisiwekwe gizani, kuna fisi na kuna wanaume. Ukaandika. Kifungu hicho kipo mpaka leo, na mimi tangu siku ile sijawahi kumwagilia vitunguu gizani. Ndiyo maana usinione naisema vibaya kazi yako. Ilinigusa mwilini.

Ukaandika pia kwamba maji ni ya wanachama, na mwanachama ni mwenye shamba, na maji yasiachwe kuteremka kupotea bure mwisho wa mfereji. Watu wakapiga makofi. Mimi nilipiga vigelegele mpaka sauti ikakauka.

Tluway, nimeifikiria siku ile mpaka imechakaa. Kanisa lilijaa. Hakuna hata mmoja mle aliyewachukia watu wa Olbalbal. Tulijua majina ya watoto wao. Ila ilikuwa masika, wao wako juu nyandani, ng'ombe wamenona, maji kila mahali. Hawakuwepo, basi hatukuwakumbuka. Si wewe, si mimi, si Bura. Mtu anawezaje kusahau mtu aliyemlelea mtoto?

Kiangazi kikaja. Lemayani akashuka na ng'ombe, baba yake ameshafariki, sasa boma ni lake na ng'ombe wa kwao waliokuwa kwetu ameshawachukua. Nilikuwa shambani, nikasikia mazungumzo yake na kijana wa kugawa maji.

"Maji ya mwisho yamefungwa."

"Yamefungwa na nani?"

"Na katiba."

"Huyo Katiba ni mtoto wa nani?" Lemayani alikuwa anacheka, alidhani ni utani wetu wa kawaida sisi Wairaqw. Kijana akatoa karatasi kwenye mfuko wa nailoni. "Ameiandika rafiki yako, Tluway."

Akaacha kucheka. Akaniona, akaja, akaniita mama kwa Kimaa.

"Yeyo, ni kweli?"

Na hapa ndipo nilipokosea mimi. Ningeweza kumfuata Bura nikamshike shati. Ningeweza kuwaita wanawake wenzangu tukafungue maji wenyewe, wasingetupiga. Lakini nilikuwa na mtoto mwanasheria. Nikamwambia Lemayani, "Subiri. Nitamwandikia Tluway, atarekebisha." Kwa majivuno nilisema, kama mtu aliyefungia mvua kabatini.

Akasubiri. Ng'ombe walilia kwenye migunga usiku na mchana. Nilikuwa nabeba ndoo kupelekea ndama, ndoo ikifika inakwisha kwa ndama wa kwanza tu. Morani wake walitaka kubomoa mfereji, sime mkononi, na vijana wetu nao wameshika majembe. Lemayani ndiye aliyewazuia. "Tluway atajibu," alisema. Alikuamini kuliko Bura alivyokuamini.

Barua yako ikaja, katekista akaisoma uani. Ulisema vifungu vinabadilishwa na mkutano mkuu tu. Ulisema, "Nikiivunja mimi niliyeiandika, kesho ataivunja kila mwenye nguvu." Nilimwambia katekista arudie kusoma. Nilidhani akirudia kitatoka kitu kingine.

Lemayani akauliza, "Mkutano mkuu ni lini?"

"Baada ya mavuno," katekista akasema.

Akawatazama ng'ombe wake. "Hawa hawajui kusubiri mkutano." Akawaswaga kuzunguka njia ya ziwani, kwenye magadi, kutafuta maji upande wa pili.

Mwanangu, mimi sisemi ulikosea. Watu hudhani mama asiyesoma ana jibu rahisi mfukoni. Sina. Ungesema fungueni, Bura angemfungulia na shemeji yake, halafu na mwenye duka, halafu kifungu changu cha fisi kingekwenda na maji. Hilo naliona. Na ng'ombe wanakufa, hilo pia naliona. Vyote viwili nimelala navyo miaka hii yote na havijapatana.

Sasa nakuambia jambo ambalo baba yako alikataza usiambiwe, kwa kuwa ulikuwa ughaibuni kwenye masomo yako ya udaktari wa sheria na aliogopa utayaacha. Lemayani alirudi. Alikuja na punda, bila ng'ombe. Akasimama mlangoni akashusha ngozi, akazikunjua moja moja chini. Yule mwekundu wa pembe moja. Yule mwenye baka shingoni uliyekuwa unampenda. Walikuwa ng'ombe wetu, wale waliowekwa kwake. Ng'ombe wa kuwekewa akifa, unamletea mwenyewe ngozi, ajue hukumla wala hukumuuza. Wa kwake wamekwisha karibu wote, kwa sababu ya maji yetu, na yeye amekaa porini akiwachuna wa kwetu, ili tusije kumdhania mwizi.

"Hizi ni zenu, Yeyo," akasema. Baba yako hakuinua macho. Nilimpa uji, akanywa, akaondoka.

Baada ya mavuno mkutano mkuu ulikaa, ukawa umetuma rasimu yako, mwisho wa mfereji ukafunguliwa kwa wafugaji. Kifungu kizuri sana, kimeandikwa vizuri. Lemayani hakuwa tena na wa kumnywesha. Akaja Karatu kulinda loji ya watalii.

Wewe ukapanda. Ukawa profesa. Nilikusikia redioni nikaita majirani, wakasema unaongea haraka kama mimi. Ulikataa kutia sahihi mambo ambayo hukuyaamini, ukanyimwa vyeo, wenzako waliokubali wakakupita na magari yao. Sikuelewa kila kitu, lakini nilielewa kwamba hulali. Siku ya sherehe yako ya kustaafu mwanafunzi wako mmoja, msichana mnene mwenye kicheko, alinikalia karibu akaninong'oneza, "Bibi, tulikuwa tunamwita Profesa Nani-Hayupo." Nikamuuliza kwa nini. Akasema ukisomewa sheria yoyote, hata nzuri vipi, unavua miwani unauliza, "Walipokaa kuiandika, nani hakuwepo?" Yule binti alidhani ni mtindo wako wa kufundisha. Nilikula pilau yangu.

Halafu ile semina ya katiba hapa Karatu, kwenye loji. Mlinzi alikuja na kile kioo chenye mpini kukagua chini ya gari lako. Alipoinuka mkatazamana. Akakusalimia Kimaa, "Sopa." Na wewe, uliyelala naye ngozi moja, ukajibu, "Asante," badala ya "Ipa." Ulinisimulia jioni ile, sahani mbele yako hukuigusa. "Aayo, nilimjibu asante."

Sasa umekaa nyumbani tangu ustaafu. Unadhani sioni? Ukienda sokoni unazunguka njia ya kanisani, tope lote lile, ili usipite lile geti. Mwanaume aliyebishana na wakubwa anamkwepa mlinzi.

Leo asubuhi ulipodhani nimekwenda kwa akina mama wa jumuiya, nilipanda bodaboda na Neema, tumebanana kama magunia, tukaenda kwenye chumba cha Lemayani nyuma ya loji. Alikuwa ametoka zamu, anaosha miguu kwenye beseni.

"Yeyo! Umekuja kuomba kazi ya ulinzi?"

"Nikipewa hilo rungu lako, wa kwanza kupigwa ni wewe. Tangu Krismasi hujaja kunisalimia."

"Kwako kuna mgeni mkubwa."

"Mgeni gani? Mtu anakunywa uji kwa kelele kama ndama, unamwita mgeni?"

Akacheka, amebaki na meno machache. Nikamweleza kamati, Arusha, bonde zima. Akaacha kuosha miguu.

"Amekutuma?"

"Hajui kama nipo hapa."

"Kama anataka kuja kuniomba msamaha, asije," akasema. "Wasomi wakiomba msamaha wanalia, halafu wewe uliyeumia ndiye unayewabembeleza. Mimi nimekesha, Yeyo. Nimechoka."

Nikamsogezea kandambili zake. Neema ni shahidi, ni mara chache.

Halafu akasema, "Lakini akija kuuliza ng'ombe wanapita wapi kiangazi, aje. Na asiniulize mimi. Mimi sina ng'ombe, mimi nina tochi. Nitampeleka Olbalbal kwa wenye nao, akakae nao, asikie kabla hajaandika. Si siku moja ya kupiga picha. Akae."

Nikamwambia kamati inafunguliwa kesho kutwa. Akasema, "Basi achague." Akachukua taulo.

Ndiyo hivyo, Tluway. Hili ndilo linanikosesha raha tangu asubuhi, ndiyo maana makande hayakuwa na chumvi. Ukipanda Olbalbal, ufunguzi utakupita. Watakaa bila wewe, na labda watakuta kiti chako kinamtosha mwingine, na huyo mwingine hatavua miwani kuuliza swali lako. Hilo ni hatari kweli, silidharau. Na ukienda Arusha moja kwa moja, utakuwepo mezani, utawasemea watu wa Olbalbal kwa uzuri wote, ukiwasemea wewe, kutoka kichwani mwako. Nimejaribu kukuchagulia. Nimeshindwa. Nikiwa kijana ningekuamuru. Sasa najua tu ninachotaka, na ninachotaka ni uende kwake. Labda nataka kwa ajili yangu, kwa kuwa ni mimi niliyemwambia asubiri.

Na nimemwambia tena. Mdomo huu haujifunzi. Nilipokuwa napanda bodaboda nilimwambia, "Kesho ukiachia zamu usilale. Tluway atapita getini." Aliuliza kama gari lako linaweza tope la kule juu. Nikasema gari silijui, dereva namjua.

Kesho sitatoka nje kukuaga. Usinigongee. Nitakuwa kitandani nimeamka, nasikiliza. Gari likipinda kwa fundi cherehani kuelekea geti la loji, nitasikia. Likinyoosha kwenda lami, nitasikia pia, na utakuwa bado mwanangu, nitakuombea presha isipande. Halafu nitavaa gambuti zangu, nitateremka na fimbo yangu mpaka getini, nimwambie Lemayani aende akalale.

Mama yako